Dereva mmoja, malori thelathini na moja

Mhariri,

Gazeti lako hufika hapa Malaba mnamo saa nne asubuhi, likivuka daraja kutoka upande wa Kenya pamoja na mikate na maziwa ya paketi. Mimi hulipata jioni, likiwa limeshapita mikononi mwa watu watatu, na ukurasa mmoja umekwenda kufungia chapati. Kwa hiyo barua ya yule msomaji wako aliyetukemea wiki mbili zilizopita niliikuta na doa la mafuta katikati. Niliyoyaona kandokando ya doa yalinitosha.

Anasema watu wa siku hizi wamedeka. Mtu amepewa kiti, kivuli na mshahara, halafu analalamika eti kazi yake haina maana. Akatupiga na methali, kazi mbaya si mchezo mwema, na akashauri kila mlalamishi apewe jembe.

Jembe ninalo, ndugu yangu. Nina nusu ekari ya mihogo na wimbi nje kidogo ya mji, nami huliendea kila Jumapili nikitoka kanisani, na mgongo wangu ni shahidi. Jembe halijawahi kunitia wasiwasi. Kinachonitia wasiwasi ni kiti hicho unachokisifu.

Mimi ni karani wa geti katika yadi moja ya kuegesha malori. Silitaji jina lake, maana bado nakula humo. Kazi yangu ni kaunta buku. Kila asubuhi, kabla ya chai, napiga mistari kwa rula na kalamu nyekundu: tarehe, saa ya kuingia, namba ya gari, namba ya trela, jina la dereva, simu yake, mzigo, anakotoka, anakokwenda, saa ya kutoka, sahihi. Vyumba kumi na kimoja. Lori likiingia najaza, likitoka namalizia. Mwisho wa mwezi nanakili yote kwenye karatasi kubwa, nakala tatu: moja inabaki kwetu, moja inakwenda ofisi ya Kampala, na ya tatu tangu niajiriwe sijaambiwa inakwenda wapi. Huwa naiweka kwenye trei. Kesho yake haipo.

Nilipoanza, mwaka 2011, kitabu hiki kilikuwa na wenyewe. Siku zile gari la mzigo likifika mpakani lilikuwa linalala. Siku mbili, siku tatu, na karatasi ikigoma hata wiki. Maajenti wa kupitisha mizigo walikuwa wanakuja dirishani kwangu mbio, tai imegeukia begani: "Mama, gari langu la chumvi limelala wapi? Limeingia saa ngapi?" Nafungua, napitisha kidole, namjibu. Wake za madereva walikuwa wananipigia. Polisi walikuja mara mbili, na mara moja niliwasaidia kweli, ingawa hiyo ni hadithi nyingine. Nilikuwa najua nani yuko, nani ameondoka, nani amelala na homa ndani ya kebini. Mshahara ulikuwa mdogo kuliko wa leo, na wala sikumbuki kuutafakari.

Kisha ukaja mwaka 2014, nchi zetu zikaanza kutoza ushuru kama eneo moja la forodha. Mzigo wa Uganda ukawa unalipiwa kabla haujatoka bandarini Mombasa. Gari likifika hapa ni kukaguliwa na kupita. Nani asiyefurahi? Madereva walifurahi, wenye mizigo walifurahi, hata mimi nilifurahi, kwa ujinga wa kutojua kinachonijia. Baadaye zikaja sili za kielektroniki, mtu anakaa mbele ya skrini analiona gari likitambaa kutoka Mombasa hadi Kampala, hadi Kigali. Na tajiri wetu naye hakutaka kupitwa. Akafunga kamera getini, akaleta kompyuta, akamwajiri kijana mwenye tableti anayepiga picha namba ya gari kabla tairi la mbele halijagusa kizuizi.

Kijana huyo anakaa upande wa kushoto wa geti. Mimi nakaa kulia. Yeye anapiga picha, mimi naandika. Siku moja nilimuuliza tajiri kama niendelee na kitabu. Alinitazama kama niliyemuuliza kama aendelee kuvaa suruali. "Mama, kitabu tunacho tangu zamani," akasema, akapanda gari lake.

Basi nikaendelea. Mwaka, mwaka wa pili, wa tatu. Hakuna ajenti dirishani. Hakuna simu. Wahenga walisema kutwanga maji kwenye kinu, lakini anayetwanga maji walau analowa, jirani anamwona, anamcheka. Mimi hata wa kunicheka sikuwa naye.

Nikamjaribu msomaji wangu. Nilikuwa naamini yupo, huko Kampala, nyuma ya meza, na sikutaka kumkosea heshima bure, kwa hiyo nilianza kidogokidogo. Kwenye chumba cha mzigo, badala ya saruji, nikaandika "hewa". Lori moja, tani ishirini na nane za hewa, kutoka Mombasa kwenda Kigali. Mwezi ukaisha, nikanakili nakala tatu, nikapeleka. Kimya. Mwezi uliofuata nikaandika jina la marehemu bibi yangu kama dereva wa tangi la mafuta. Bibi yangu hakuwahi hata kupanda baiskeli. Kimya. Mkaguzi wa hesabu alipokuja, na huja mara moja kwa mwaka na wino wake wa kijani, alifungua kila ukurasa na kuweka tiki. Nilisimama nyuma yake nikiwa nimeshika chupa ya soda niliyotumwa kumletea. Akafika kwenye hewa. Akaweka tiki. Akafika kwa bibi. Tiki, na safari hii akaivuta mkia mrefu, nadhani mkono ulikuwa umechoka.

Utacheka, na mimi nilicheka, nikawasimulia wenzangu, wakacheka. Usiku nililala nikiwa na kitu kifuani ambacho mpaka leo sikipatii jina zuri. Si uchovu, maana sikuwa nimechoka. Ni kama mtu anayezungumza na mwenzake gizani kwa saa nzima, halafu taa inawashwa anakuta kitanda cha pili ni kitupu.

Mnaosema kazi ni kazi, hamjawahi kuulizwa na mtoto. Mwanangu wa mwisho, akiwa darasa la tatu, aliambiwa na mwalimu aandike mzazi wake anafanya kazi gani na inamsaidia nani. Mwenzake aliandika mama anauza mandazi, inawasaidia wenye njaa. Sentensi moja, kwisha. Wangu alikuja na daftari jikoni, mimi nageuza posho, ndiyo ugali wetu, akaniuliza: "Mama, ukiandika yale malori, wanasaidika akina nani?" Nikamwambia aandike inasaidia serikali. Sijui kwa nini niliitaja serikali, haina hisa hata ya tofali moja pale. Ndiyo neno lililokuwa karibu.

Baba yangu alikuwa mwanajeshi. Kiswahili hiki nilikinyonya kambini, na wasomaji wako wa pwani mtanisamehe pale ninapokivunja. Wapo Waganda wengi ambao hadi leo wanakiona ni lugha ya bunduki na ya wezi, ingawa katiba iliporekebishwa mwaka 2005 ilikipa nafasi ya lugha rasmi ya pili. Sisi wa mpakani hatukungoja katiba. Nilitaka kusema habari ya baba. Alitusimulia kwamba katika kambi moja adhabu ya kuchelewa gwaride ilikuwa kuchimba shimo, futi nne kwenda chini, na likikamilika afande anakuja, anachungulia, anasema fukia. Kesho yake linachimbwa palepale, udongo ukiwa bado laini. Baba alikuwa mtu wa nguvu. Vyoo vyetu vyote nyumbani alichimba mwenyewe, futi ishirini na zaidi, huku anaimba, na anatoka humo mwekundu kwa udongo akitaka chakula. Alikuwa anasema lile shimo la futi nne ndilo lililomvunja. Mikono haikuuma. Kilichouma ni lile neno fukia, na kwamba udongo ulikuwa laini.

Ukuta mmoja na yadi yetu kuna fundi wa tairi, kijana wa miaka ishirini na kitu. Nikichoka kukaa huwa nakwenda kusimama hapo. Ana kompresa, pipa lililokatwa nusu, vyuma viwili vya kubandulia tairi, na beseni la maji meusi. Akiletewa tyubu iliyotoboka anaijaza upepo, anaizungusha ndani ya maji polepole kama anayemwosha mtoto, macho hayabanduki. Panatokea mapovu. Anaweka kidole, anatia alama kwa kijiti, anakwangua, anapaka gundi, anapuliza, anabandika kiraka, anakigonga. Halafu, na hapa ndipo mimi husimamia, anairudisha majini mara ya pili. Anatazama. Mapovu hayapo. Anaitoa, anaifuta na kitambaa, anamwangalia mwenye tairi bila kusema kitu.

Ile mara ya pili ndani ya maji ndiyo ninayomwonea wivu. Shilingi elfu tatu, elfu tano za Uganda anazolipwa hazinihusu. Kazi yake inamjibu. Yangu miaka kumi haijanijibu.

Sitaki kumpaka mafuta. Yeye mwenyewe kifua chake si kizuri kwa vumbi la barabara hii, na kila nikisimama pale ananiambia: "Mama, siku ukichoka na hicho kiti nipigie mimi simu kwanza." Anasema kweli, na ningekuwa na mgongo wake ningemwachia. Kwa hiyo simpingi msomaji wako anapokumbusha kwamba mtaani watoto wetu wamejaa na vyeti mfukoni bila kazi. Laki tatu na nusu ninazopokea zimesomesha watatu. Nazipokea kwa mikono miwili. Lakini mshahara ni jibu la tajiri kwa tumbo langu, na mimi niliuliza swali jingine.

Wenzetu wa Busia wanadai, na sina sababu ya kuwabishia, kwamba kazi ya bodaboda ilizaliwa kwao. Kati ya ofisi ya mpaka ya Kenya na ya Uganda palikuwa na mwendo, watu wanashuka na mizigo upande mmoja, na vijana wa baiskeli wakawa wanawaita kutoka mpaka hadi mpaka, "boda, boda". Hakuna aliyeandika maelezo ya kazi ile. Kulikuwa na mama amesimama juani na gunia, basi. Leo kazi hiyo imejaa Afrika ya Mashariki nzima na wengi wanaitukana, lakini sijapata kusikia mwendesha boda anayejiuliza usiku kama kuna mtu aliyembeba siku hiyo.

Kinyume chake niliitwa semina. Hii lazima niiseme. Tulipelekwa Tororo mjini, hoteli yenye viti vya kitambaa cheupe, siku mbili, mada: utunzaji bora wa kumbukumbu. Mlangoni tulisaini karatasi ya mahudhurio. Ndani tukasaini ya chai. Saa saba tukasaini ya chakula na saa kumi ya nauli. Tukapewa vikadi vya rangi tuandike matarajio yetu. Mimi niliandika: "Nijue nani anasoma." Mwezeshaji akavibandika ukutani vyote kwa gundi ya karatasi, akavipanga kwa makundi, changu kikakosa kundi akakiweka peke yake chini karibu na soketi. Siku ya pili jioni akavikunja pamoja na yale makaratasi makubwa, akafunga kwa mpira, akatia kwenye buti ya gari. Nauli ilikuwa nzuri. Nilinunua ndoo na batiki.

Sasa nifike kwenye jambo lililonifanya nishike kalamu, maana hayo yote ya juu ningeweza kumeza kama nilivyoyameza miaka yote.

Machi 2020 mipaka ilifungwa kwa sababu ya korona, ila malori ya mizigo yakaruhusiwa. Mnakumbuka. Madereva walikuwa wanachomekwa vijiti puani, halafu wangoje majibu, na foleni ikarudi nyuma kuelekea Bungoma hata mkia wake hatukuujua. Watu waliwaogopa madereva kama mzoga. Nami niliwaogopa, sitajisafisha. Dirisha langu nililifunga, nikawa nawaonyesha kwa kidole wasimame mbali. Kafyu ilikuwa saa moja jioni, bodaboda zimekatazwa kubeba abiria, na kwangu ni mwendo wa saa nzima kwa miguu. Saa kumi na moja nilikuwa nimeshaondoka. Usiku magari yakiingia, askari wa zamu alikuwa anaandika namba zake kwenye kipande cha boksi la sigara. Namba tu. Asubuhi nakuta boksi mezani, nanakili.

Na chumba cha jina la dereva? Mstari wa juu niliandika jina moja, la dereva wa mwisho niliyemwona kwa macho yangu kabla sijatoka. Chini yake nikaweka vile vistari viwili vidogo, vya kuonyesha "kama hapo juu". Mstari wa pili, vistari viwili. Wa tatu, vistari viwili. Hadi chini ya ukurasa. Ukiufuata ukurasa ule kama ulivyo, usiku mmoja wa Aprili 2020 mtu mmoja aliingiza malori thelathini na moja katika yadi yetu, mengine ya saruji, mengine ya mafuta ya kula, akalala ndani ya yote.

Sikuona nimefanya kosa. Hewa ilikuwa imepita, bibi alikuwa amepita. Nani angesoma?

Januari 2022, madereva walipogomea kulipia kipimo cha korona cha dola 30, barabara yote ilisimama tena. Siku moja akaja mwanamke kutoka Mombasa, leso mbili, viatu vya mpira, ameshika bahasha ya plastiki. Alikuwa ametembea kando ya foleni ile, gari kwa gari, akiuliza. Alimtafuta kaka yake. Alikuwa deiwaka, si dereva wa kuajiriwa: leo gari la huyu, kesho la yule. Aprili 2020 alimpigia simu dada yake usiku, akamwambia amefika Malaba, ameingia yadi, amechoka, kesho atajua kama anavuka. Baada ya hapo simu haikuingia tena. Tajiri wa gari gani? Dada hajui. Namba ya gari? Dada gani anajua namba ya gari la kaka yake? Alikuwa anajua jina.

Kijana wa tableti aliangalia. Kamera yetu ikijaa inafuta za zamani na kuandika juu yake, na kompyuta ya mwaka 2020 ilishabadilishwa. Kijana akainua mikono. Halafu, bila ubaya wowote, akasema: "Muulize mama, yeye ana kitabu."

Mhariri, miaka minane nilikuwa namngoja mtu aje dirishani aseme fungua kitabu.

Nilifungua. Tarehe alikuwa nayo, aliitunza kwenye simu. Alisimama upande wa pili wa meza, akainama, akaweka kidole juu kabisa ya chumba cha majina, akasoma lile jina la kwanza kwa sauti. Si lake. Akateremsha kidole. Kikapita vistari viwili, vistari viwili, vistari viwili. Alikiteremsha polepole hadi chini, kisha akakirudisha juu akaanza upya, nadhani alifikiri labda ni herufi ambazo yeye hazijui. "Hii ni nini, mama?" akaniuliza.

Nilimdanganya. Nilimwambia wakati wa korona tuliamriwa tusiandike majina ya madereva, ndiyo alama yake hiyo. Nililisema haraka na likatoka limenyooka, kama nililolifanyia mazoezi. Akaniamini. Akasema asante, mama, Mungu akubariki, akaniachia namba yake ya simu na jina la kaka yake kwenye kipande cha bahasha, akarudi barabarani kwenye foleni.

Kwa hiyo namwomba msomaji wako asiniambie tena kwamba kazi isiyo na maana haimdhuru mtu mradi analipwa. Mimi sikuajiriwa nikiwa mwongo. Nilikuwa najua nani ana homa kwenye kebini. Iliniondoka kidogokidogo, mstari kwa mstari, na wino wa kijani juu yake. Na sasa hivi, katika ofisi ngapi, kuna mtu kama mimi anaweka vistari viwili? Kuna anayepima joto la friji la chanjo kwa kukisia, kwa kuwa ile karatasi ya ukutani haijawahi kuulizwa na mtu. Sisemi yupo mahali fulani. Nasema mimi ningekuwa pale, kufikia mwaka wa tano ningekuwa nakisia. Wenye kazi wakiajiri mtu wa kuandika, wasome. Wasiposoma, wamwambie aache, wampe ufagio, yadi ni chafu. Jambo hili halihitaji semina.

Mwezi wa saba mwaka huu mpwa wa tajiri alikuja na amri kwamba stoo isafishwe, vitabu vyote vya zamani vichomwe. Tuliviburuta nyuma ya yadi tukavitia ndani ya pipa, tangu 2011. Vinawaka vizuri kaunta buku, jalada lake ni gumu. Ulikuwa wakati wa mahindi mabichi, askari wakaleta, wakapanga juu ya pipa, na mahindi yakaiva. Nilipewa moja. Nilikula mwaka 2013 au 2014, na nakiri lilikuwa tamu. Ndiyo mara pekee nilipowaona watu wamekizunguka kitabu changu na kinawafaa.

Cha Aprili 2020 sikukitia. Nilikifunga kwenye kanga nikaenda nacho nyumbani, na hilo likinifukuzisha kazi basi na linifukuzishe.

Tangu siku hiyo, madereva wa zamani wakipita nawaita dirishani. Namba za magari ninazo zote thelathini na moja, kwa hizo boksi la sigara halikudanganya. Namwonyesha dereva namba, namuuliza: hili mwaka 2020 alikuwa analiendesha nani? Wengine wananiona nimepungukiwa. Wengine wanakaa kwenye benchi, wanavua kofia, wanahesabu kwa vidole, wanapigiana simu hadi Eldoret, hadi Kigali. Naandika kwa penseli, juu ya vile vistari, jina na nani aliyenipa. Mmoja alikumbuka manne kwa mkupuo mmoja, kisha akanyamaza muda mrefu, maana katika wale wanne mmoja wamemzika.

Sasa ombi langu. Dada wa Mombasa, namba uliyoniachia haiingii tena, lakini ulinunua gazeti hili pale kwenye meza ya yule mzee wa magazeti ukiwasomea madereva wasioona vizuri, kwa hiyo natumaini bado unalisoma. Hapakuwa na amri ya kutoandika majina. Ni mimi. Kitabu kiko kwangu, si ofisini, kwa hiyo usipige simu ya ofisi. Ukifika Malaba upande wa Uganda, muulize fundi wa tairi mwenye pipa la bluu, atakuleta. Nimepata majina kumi na tisa. La kaka yako halijatokea. Imebaki mistari kumi na miwili, na gari la mstari wa nne, la chumvi, dereva wake wa siku zile nimempata: yuko njiani kutoka Juba, wanasema Jumanne atalala hapa.

Karani wa geti,
Malaba, Wilaya ya Tororo, Uganda.
(Mhariri, jina langu unalo kwenye bahasha. Naomba libaki huko.)